Mbu wa Kwenye Hesabu: Historia Fupi ya Uigaji wa Kompyuta Mpakani mwa Busia na Tororo

Muhula uliopita tulikuwa na zoezi la tafsiri ambalo lilitushinda darasani, wanafunzi kwa walimu. Matini yenyewe ilihusu malaria, na ilieleza jinsi wataalamu wanavyotumia programu za kompyuta kubashiri ugonjwa utakavyokwenda endapo dawa fulani itapulizwa majumbani. Mwanafunzi mmoja aliandika "maigizo ya kompyuta". Darasa zima likacheka, kwa kuwa maigizo tunayafahamu: ni jukwaa, pazia na wachezaji. Mwingine akaandika "udanganyifu wa kompyuta". Tukacheka tena, lakini safari hii kicheko kilikatika haraka, maana mwanafunzi mmoja kutoka Tororo aliuliza: "Walimu, kama si maigizo wala si udanganyifu, ni nini? Kwetu dawa ilipulizwa kwa sababu ya hesabu hizo."

Swali hilo ndilo lililotufanya tuandike makala haya. Tuliona kuwa neno haliwezi kupatikana kabla ya jambo lenyewe kueleweka, na kwamba jambo lenyewe lina historia ndefu ambayo sehemu yake muhimu imepita nyumbani kwetu Afrika Mashariki, tena katika ukanda mmoja mwembamba wa mpaka: Busia na Tororo. Katika makala haya tutatumia neno uigaji. Sababu zake tutazitaja mwishoni.

Mpaka na watu wake

Wengi wetu huusahau ukweli kwamba mpaka huu ni mchanga. Hadi mwaka 1902, nchi yote kuanzia Ziwa Viktoria hadi karibu na Naivasha ilihesabiwa kuwa ni mkoa wa mashariki wa Uganda. Mwaka huo Waingereza waliuhamisha mkoa huo na kuutia katika himaya yao ya Afrika Mashariki, ambayo baadaye iliitwa Kenya. Wasamia, Wateso na jamaa zao wakajikuta wako pande mbili za mstari ambao hawakuuchora. Hadi leo ziko Busia mbili: kaunti ya Busia upande wa Kenya, na wilaya ya Busia upande wa Uganda, ambayo ilimegwa kutoka Tororo mwaka 1997. Kituo cha pamoja cha forodha na uhamiaji cha Busia kilifunguliwa rasmi na marais wa nchi hizi mbili mwezi Februari 2018.

Sisi watu wa lugha tuna deni kwa mpaka huu. Neno boda boda, ambalo sasa linatumika hadi Dar es Salaam na Bujumbura, lilizaliwa hapa, pale vijana wa baiskeli walipokuwa wakiita abiria wa kuvushwa kutoka forodha moja hadi nyingine. Mpaka uliowatenganisha watu ukawapa neno la kuwaunganisha. Tukumbuke jambo hili, maana tutalirudia.

Tororo ilikuwa mahali pa kuhesabu wadudu na maradhi tangu zamani. Katika miaka ya 1950 lilikuwapo hapo Sukulu, nje kidogo ya mji, Shirika la Utafiti wa Nagana na Malale la Afrika Mashariki. Kazi yake ilikuwa ni kuchunguza mbung'o na ugonjwa wa malale kwa ajili ya nchi zote za ukanda huu. Jumuiya ya kwanza ya Afrika Mashariki ilipovunjika mwaka 1977, taasisi hiyo ilibaki kuwa ya Uganda peke yake, na Kenya ikaanzisha ya kwake huko Muguga. Mbung'o hawakupata habari za kuvunjika kwa Jumuiya. Waliendelea kuvuka mto kama kawaida, ila sasa wakihesabiwa katika madaftari mawili.

Kabla ya kompyuta: Ross na Macdonald

Uigaji ulianza kabla ya kompyuta kuwapo. Ronald Ross, daktari wa jeshi la Waingereza nchini India, aligundua mwaka 1897 kuwa vimelea vya malaria hukua ndani ya mbu. Alipata Tuzo ya Nobel mwaka 1902. Watu wengi humkumbuka kwa hilo tu. Lakini katika taarifa yake ya mwaka 1908 kuhusu kisiwa cha Morisi, na baadaye katika kitabu chake cha mwaka 1911, Ross alifanya jambo jingine: aliandika malaria kwa hesabu. Alijiuliza, je, ni lazima tuue mbu wote ili malaria iishe? Hesabu ikamjibu, hapana. Kuna kizingiti. Mbu wakipungua chini ya kizingiti hicho, mgonjwa mmoja hawezi tena kuzalisha mgonjwa mwingine, na ugonjwa hufifia wenyewe hata kama mbu wachache wamebaki.

Miaka ya 1950 George Macdonald wa London aliichukua hesabu hiyo na kuiongezea jambo moja lililobadili sera za dunia. Alisema kuwa idadi ya mbu si kitu kikubwa kama umri wao. Tuombe msomaji achukue kalamu na karatasi, maana hapa anaweza kufanya uigaji wake mwenyewe bila kompyuta.

Mbu akimng'ata mgonjwa, vimelea huhitaji takriban siku 10 kukomaa ndani yake kabla hajaweza kumwambukiza mtu mwingine. Sasa tuchukue mbu 100 waliomng'ata mgonjwa leo. Tuseme kila siku mbu 9 katika kila 10 hubaki hai. Zidisha 0.9 kwa yenyewe mara 10: baada ya siku 10 watabaki mbu 35 hivi, na wote hao ni hatari. Tuseme sasa tumepuliza dawa ukutani, na kila siku wanabaki hai 8 tu katika 10. Baada ya siku 10 watabaki 11. Wakibaki hai 7 katika 10 kila siku, mwisho wa siku 10 watabaki 3.

Tazama kilichotokea. Kila siku tumeongeza vifo vichache tu, lakini mwisho wa siku 10 hatari imeshuka kutoka 35 hadi 3. Ndiyo maana dawa hupulizwa kwenye kuta za ndani, mahali mbu anapopumzika akishashiba damu. Si lazima afe usiku ule ule. Inatosha asiishi siku 10.

Hiyo ndiyo sifa ya kwanza ya uigaji: huonyesha matokeo ambayo akili ya kawaida isingeyaona. Mtu wa kawaida angesema kupunguza mbu kwa kiasi kidogo kutapunguza ugonjwa kwa kiasi kidogo. Hesabu inakataa.

Shirika la Afya Duniani liliamua mwaka 1955 kuitokomeza malaria duniani, na hoja za Macdonald zikawa nguzo mojawapo ya mpango huo. Mpango uliachwa mwaka 1969. Katika sehemu nyingi za dunia ulifanikiwa, lakini sehemu kubwa ya Afrika ya kitropiki haikuingizwa kwa dhati tangu mwanzo. Mwaka mmoja kabla ya mpango kuachwa, yaani 1968, Macdonald na wenzake walichapisha kazi ambayo hesabu zake zilifanywa na kompyuta. Mbu wa kwenye karatasi wakahamia kwenye mashine.

Garki na somo lake

Baada ya hapo ukaja mradi wa Garki, kaskazini mwa Nigeria, kuanzia mwaka 1969 hadi 1976. Vijiji vilipulizwa dawa, watu walipewa vidonge, na kila kitu kilihesabiwa: mbu, damu, homa, vizazi na vifo. Pamoja na hesabu hizo kukatengenezwa modeli mpya, iliyochapishwa mwaka 1974 na Dietz, Molineaux na Thomas. Modeli hii iliingiza jambo ambalo Ross na Macdonald hawakulitilia maanani vya kutosha, nalo ni kinga. Mtu mzima aliyekulia penye malaria hawezi kuhesabiwa sawa na mtoto wa miaka 2.

Malaria ilipungua Garki lakini haikuisha. Wengine waliona kuwa ni kushindwa. Sisi tunaona kuwa somo lilipatikana: modeli ikijengwa pamoja na kazi ya uwanjani, kila moja humsahihisha mwenzake. Modeli peke yake ni ndoto, na hesabu za uwanjani peke yake ni orodha.

Kompyuta za watu wa kujitolea

Tukiruka hadi miaka ya 2000, kompyuta zimekuwa nyingi na za bei nafuu. Taasisi ya Magonjwa ya Kitropiki ya Uswisi ilitengeneza programu ambayo baadaye iliitwa OpenMalaria, na makala za kwanza za kuielezea zilitoka mwaka 2006. Programu hii haihesabu makundi ya watu kwa jumla kama alivyofanya Ross. Hutengeneza kijiji kizima ndani ya kompyuta, mtu mmoja mmoja. Kila mtu wa kijiji hicho ana umri wake, kinga yake na historia yake ya kuugua. Kila baada ya siku 5 za kwenye programu, kompyuta hurusha kete kwa ajili ya kila mmoja: je, ameumwa na mbu mwenye vimelea? Ameugua? Amepelekwa zahanati? Amepona?

Kwa kuwa kete hutoa jibu tofauti kila zinaporushwa, haitoshi kuendesha programu mara moja. Huendeshwa maelfu ya mara, kisha watafiti wakatazama majibu yanaangukia wapi. Kazi hiyo ni nzito mno kwa kompyuta chache za taasisi moja. Kwa hiyo uliundwa mradi wa malariacontrol.net, ambapo watu wa kawaida sehemu mbalimbali za dunia waliazimisha kompyuta zao zifanye hesabu hizo wakati wenyewe hawazitumii. Mradi huo ulidumu hadi mwaka 2016. Tunaupenda mfano huu kwa sababu ni harambee kamili, ingawa waliochangia walio wengi hawakuwahi kuona mbu wa Afrika.

Mwaka 2012 watafiti walichapisha matokeo ya kutumia programu hiyo kwa nyanda za juu za magharibi mwa Kenya. Walilinganisha kijiji cha kwenye kompyuta na takwimu zilizokusanywa kwa watu halisi, kisha wakauliza nini kingetokea kama vyandarua, dawa ya ukutani na matibabu vingeongezwa au kupunguzwa. Hiyo ni sifa ya pili ya uigaji: hujaribu yale ambayo hayawezi kujaribiwa kwa watu. Nani angekubali kukinyima chandarua kijiji kizima cha kweli kwa miaka 10 ili tu tuone kitatokea nini?

Tororo yaingia kwenye hesabu

Sasa turudi mpakani. Uigaji wote unaanza na tarakimu moja: kwa mwaka, mtu mmoja huumwa mara ngapi na mbu aliyebeba vimelea vilivyokomaa? Bila tarakimu hiyo kompyuta haina pa kuanzia. Utafiti wa mwaka 2001 na 2002 ulikuta kuwa Tororo ni mara 562. Gawanya kwa siku 365 utapata zaidi ya mara 1 kwa kila usiku. Huko Jinja, mwendo wa saa chache tu kwa gari, ilikuwa ni mara 6 kwa mwaka.

Kuanzia mwaka 2011 Nagongera, katika wilaya ya Tororo, ilikuwa miongoni mwa sehemu 3 za Uganda zilizofuatiliwa kwa makini. Nyumba zilichaguliwa kwa bahati nasibu, watoto wakafuatiliwa afya zao, na mitego ya taa ikawekwa vyumbani usiku ili kukamata mbu. Asubuhi mbu walihesabiwa mmoja mmoja, wakatambuliwa aina zao na kupimwa kama wana vimelea. Jibu la awali la Nagongera lilikuwa mara 310 kwa mwaka. Tunataka msomaji aione kazi hiyo kwa jicho la heshima. Nyuma ya kila mchoro mzuri wa kompyuta kuna mtu aliyeamka alfajiri kwenda kufungua mtego, na kuna mama wa nyumba aliyekubali wageni waweke mtego kando ya kitanda cha mtoto wake.

Mwishoni mwa 2013 vyandarua vyenye dawa viligawiwa kwa wote. Desemba 2014 upulizaji wa dawa majumbani ulianza Tororo kwa msaada wa mpango wa malaria wa Rais wa Marekani. Hapa pana jambo la kusikitisha ambalo halipaswi kufichwa. Upulizaji huo uliletwa mashariki baada ya kusitishwa mwaka 2014 katika wilaya za kaskazini, zikiwamo za eneo la Apac. Mwaka 2015 malaria ililipuka upya huko kaskazini. Hesabu za Macdonald zilikuwa zimekwisha kusema: ukiondoa mkono wako ilhali hujashuka chini ya kizingiti, maji yatarudi mahali pake. Fedha hazikutosha pande zote mbili, na uamuzi ulifanywa.

Tororo kwenyewe matokeo yalikuwa makubwa. Tarakimu ile ya kuumwa, iliyokuwa 238 kwa mwaka kabla tu ya dawa, ilishuka hadi chini ya 1 baada ya miaka 5. Watoto waliokuwa wakiugua malaria karibu mara 3 kwa mwaka wakafika mahali ambapo, kwa wastani, mtoto angeweza kupita miaka kadhaa bila kuugua hata mara 1. Anayeijua wodi ya watoto ya hospitali yoyote ya ukanda ule kabla ya 2014 ataelewa maana ya sentensi hiyo.

Kilichotokea baada ya 2020

Mwaka 2020 dawa ya ukutani ilibadilishwa. Ile iliyokuwa ikitumika, Actellic, ilipisha dawa za kundi la clothianidin. Kubadilisha dawa ni jambo la busara, kwa kuwa mbu huizoea dawa moja ikitumika muda mrefu. Lakini kati ya 2021 na 2022 malaria ilirudi Tororo kwa kishindo, hadi karibu na pale ilipokuwa kabla ya upulizaji. Waliokamata mbu waligundua kuwa aina ya mbu nayo imebadilika. Hapo zamani Anopheles gambiae ndiye aliyetawala. Dawa ilipompunguza, akabaki zaidi Anopheles arabiensis. Katika mrudio huu aliyeshika usukani ni Anopheles funestus.

Je, kompyuta ilikosea? Swali hili ndilo kiini cha makala yetu. Programu ya uigaji haijui lolote ambalo haikuambiwa. Ukiiambia kuwa dawa inaua mbu 8 kati ya 10, itahesabu kwa uaminifu kana kwamba wanakufa 8, hata kama ukutani Tororo wanakufa 3. Ukiiambia kuwa mbu ni wa aina moja, haitamzua mwingine. Haikosei hesabu, bali hurithi makosa yetu. Wahenga walisema, ukipanda pantosha utavuna pankwisha. Uigaji ukipandwa tarakimu za jana, huvuna utabiri wa jana.

Hapo ndipo mpaka unapoingia. Tororo ilipulizwa dawa, lakini jirani yake wilaya ya Busia ya Uganda haikupulizwa. Kuanzia 2020 watafiti walifuatilia nyumba za wilaya zote mbili kwa pamoja, ili kujua nini hutokea pale eneo lenye dawa linapopakana na lisilo nayo. Na upande wa pili wa forodha iko Busia ya Kenya yenye mipango, bajeti na ratiba zake. Mfano mzuri ni chanjo. Kaunti ya Busia ilikuwa miongoni mwa kaunti 8 za magharibi mwa Kenya zilizoingizwa katika majaribio ya chanjo ya RTS,S yaliyozinduliwa huko Homa Bay mwezi Septemba 2019. Uganda ilianza kutoa chanjo ya malaria mwezi Aprili 2025. Kwa zaidi ya miaka 5, basi, mtoto wa upande mmoja wa barabara aliweza kuwa katika eneo la chanjo na binamu yake wa ng'ambo asiwe. Modeli iliyojengwa kwa nchi moja humwona mtoto mmoja tu kati ya hao wawili. Mbu huwaona wote.

Chanjo yenyewe inatupa somo la mwisho kuhusu uigaji. Kabla ya Shirika la Afya Duniani kuipendekeza kwa matumizi mapana mwezi Oktoba 2021, modeli 4 tofauti zililinganishwa, na matokeo yakachapishwa mwaka 2016 katika jarida la The Lancet. Kila modeli ilipewa takwimu zile zile za majaribio. Kwa dozi 4, jibu la katikati lilikuwa kuokolewa kwa maisha 484 katika kila watoto 100,000 waliochanjwa. Lakini makisio yalianzia 189 na kufika 859. Kwa asiyezoea, tofauti hiyo inaonekana kuwa ni aibu. Kwa kweli ni uaminifu. Mwigaji mzuri husema, "Ninakisia hapa, lakini huenda nikawa hapa au pale." Anayetoa tarakimu moja bila shaka yoyote ndiye wa kuogopwa.

Kwa nini jambo hili ni letu

Msomaji anaweza kuuliza, haya yanaihusu nini idara ya Kiswahili? Tunayo majibu mawili.

La kwanza ni la istilahi. Tumependekeza uigaji na si maigizo, kwa sababu kuiga ni kufuata mwendo wa kitu kingine kwa makusudi ya kukielewa, kama mwanafunzi wa ufundi anavyoiga mkono wa fundi wake. Maigizo yana watazamaji. Uigaji una maswali. Kile kinachojengwa ndani ya kompyuta tukiite modeli, neno ambalo tayari limezoeleka. Tarakimu zinazolishwa modeli tuziite vigezo. Mahali ambapo ugonjwa unageuka kutoka kukua na kuanza kufifia pawe kizingiti. Kurusha kete ndani ya programu kuwe ubahatishaji. Na majibu yanayotoka yaitwe makisio, kamwe yasiitwe matokeo, maana matokeo ni yale yaliyotokea kweli. Tofauti ya makisio na matokeo ni ndogo katika kamusi, lakini imebeba kila kitu tulichokieleza hapo juu. Lau sote tungeishika, "udanganyifu wa kompyuta" usingemjia mtu akilini.

Tunajua kuna wenzetu watakaotaka neno jingine, kama vile ambavyo bado tunavutana kati ya kompyuta na tarakilishi. Karibuni. Ukurasa wa maoni uko wazi.

Jibu la pili ni zito zaidi. Watu wa Busia na Tororo ndio waliotoa tarakimu. Damu iliyopimwa ni ya watoto wao, vyumba vilivyowekwa mitego ni vyao, na kuta zilizopulizwa ni zao. Lakini makisio yakishatoka huandikwa kwa lugha na mtindo ambao wao hawafikiwi nao. Hivyo dawa inapobadilishwa, hawana njia ya kuuliza: mmeweka kigezo gani kwa ajili ya ukuta wangu wa udongo? Mmemhesabu mwanangu anayelala kwa shangazi yake ng'ambo ya forodha siku za soko? Hayo si maswali ya wajinga. Ni maswali ambayo modeli yenyewe ingefaidika kuyasikia, kwa kuwa yule mama anajua jinsi watu wanavyolala na wanavyosafiri kuliko programu yoyote.

Tangu Julai 2022, baraza la mawaziri la Uganda lilipoidhinisha Kiswahili kuwa lugha rasmi, hatuna tena kisingizio cha kusema kuwa lugha hii inaishia Malaba. Pale mpakani ilikuwapo siku zote, kwenye mizani ya mahindi na kwenye kiti cha nyuma cha boda boda. Kinachokosekana ni vitabu vidogo, vipeperushi na vipindi vya redio vinavyoeleza sayansi hii kwa Kiswahili sanifu kinachoeleweka pande zote mbili. Kazi hiyo haiwezi kufanywa na daktari peke yake, wala na mtaalamu wa kompyuta peke yake.

Kwa hiyo tumeamua zoezi lile la tafsiri lirudiwe muhula ujao, safari hii kwa makundi, na kila kundi liwe na angalau mwanafunzi mmoja wa sayansi atakayekubali kukaa nasi. Yule mwanafunzi wa Tororo amekubali kuwa msomaji wa mwisho wa kila rasimu. Kipimo chetu kitakuwa kimoja: akimsomea mama yake nyumbani, mama aweze kuuliza swali.